Kengele ya Siku ya Ufagio

Katika mji ule hukuti kalenda ukutani, kwa sababu kalenda ilikuwa mji wenyewe. Mtaa mmoja ni mwezi, nyumba moja ni siku. Mitaa ilikuwa kumi na mmoja, basi na miezi ilikuwa kumi na mmoja. Na kwa kuwa hakuna aliyewahi kuwaamuru watu wajenge sawasawa, mwezi wa Mtaa wa Wafua Bati ulikuwa na siku arobaini na moja, na wa Mtaa wa Mfereji ishirini na sita tu. Wafua bati walijidai sana kwa mwezi wao mrefu. Waache wajidai, sisi ndio tuliovumilia nyundo zao siku arobaini na moja mfululizo.

Juu ya mlango wa kila nyumba palikuwa na ubao wenye mchoro: koleo, chungio, pasi, ufagio. Hilo ndilo jina la siku. Kukipambazuka mwenye nyumba anatoka kizingitini na kengele ya shaba mkononi, anaipiga, anataja siku yake kwa sauti ya kusikika mtaa mzima, na siku inakuwa imefunguka. Jioni anampelekea kengele jirani wa mlango unaofuata. Masharti yalikuwa mawili tu: kengele ilie kabla jua halijagusa mawe ya barabara, na anayeipiga awe amelala chini ya paa la nyumba hiyo usiku uliotangulia. Likikosekana moja, siku inalala. Siku iliyolala haihesabiwi. Soko halifunguki, ndoa haifungwi, na kama kuna jambo uliloahidiwa siku hiyo, jikalie kitako mpaka mwaka uzunguke.

Sasa ndipo uelewe kwa nini Mama Pasi, dobi wa nyumba ya kumi na nne, alikuwa amekaa kwenye kibaraza cha nyumba ya kumi na tano tangu jioni, miguu imekufa ganzi, roho mkononi.

Hakuwa mtu wa kukaa kwenye vibaraza vya watu. Siku zake zote alikuwa amesimama: mbele ya beseni, mbele ya kamba, mbele ya meza ya kupigia pasi. Mikono yake ilikuwa imeumuka kwa maji na sabuni, na kidole gumba cha kulia kilikuwa na kovu la moto lililochongoka kama ncha ya pasi yenyewe. Alifua mashuka ya nyumba ya wageni, mashati ya makarani, hata nguo za wachinjaji ambazo madobi wengine walizikataa kwa ajili ya damu. Mume wake alipofariki alimwachia vitu vitatu: ubao wa Siku ya Pasi, pasi mbili za mkaa, na binti wa miaka saba aliyerithi hasira zote za baba yake. Tangu hapo alikuwa ameifungua Siku ya Pasi mara kumi na tisa, hajachelewa hata mara moja. Mwaka mmoja aliifungua akiwa na homa kali, binti kamshika kiunoni asianguke.

Huyo binti ndiye aliyekuwa akingojewa. Miaka mitatu nyuma msimamizi wa soko alikanyaga kikapu kizima cha nguo safi kwa viatu vya matope, makusudi kabisa, kisha akacheka. Binti alikuwa na pasi mkononi. Wengine tukiudhiwa tunatukana, yeye alirusha. Msimamizi akavunjika taya, binti akahukumiwa miaka mitatu kwenye machimbo ya chumvi, kuanzia Siku ya Ufagio mpaka Siku ya Ufagio ya mwaka wa tatu.

Hukumu za mji ule hazikuandikwa kwa idadi, ziliandikwa kwa jina la siku. Lango la machimbo lingemfungukia Siku ya Ufagio, si kesho yake wala kesho kutwa. Siku hiyo ikilala, binti angekaa mwaka mwingine mzima. Na barua ya mwisho kutoka huko, aliyoandikiwa na mwenzake kwa kuwa vidole vyake havikushika tena kalamu, ilikuwa na mstari mmoja: "Mama, mwaka mwingine siuwezi." Mama Pasi alikuwa ameikunja na kuitia kifuani, na kila alipovuta pumzi aliisikia ikikwaruza.

Siku ya Ufagio ilikuwa ya nani? Ya Mzee Gundi, fundi viatu, jirani wa ukuta mmoja. Na Mzee Gundi na Mama Pasi walikuwa hawaamkiani.

Zamani waliitana shemeji, maana Gundi na marehemu mume wake walikuwa marafiki wa kufa na kuzikana. Ugomvi ulianza na maji. Maji ya sabuni yalitoka kwa dobi, yakapita mferejini mbele ya mlango wa fundi, siku moja yakafurika yakamlowanishia ngozi. Fundi akapigilia ubao mferejini. Maji yakarudi uani kwa dobi. Hayo yangeisha, majirani wangapi hawajagombania maji? Kilichokata mzizi ni ile kesi. Gundi alikuwa kwenye kiti chake cha kushonea mbele ya mlango pasi iliporuka, akaitwa shahidi. Akaulizwa, "Ulimwona akirusha?" Akajibu, "Nilimwona." Angeweza kusema jua lilimpiga machoni. Angeweza kusema alikuwa ameinamia kiatu. Mzee yule hakujua kusema uongo hata wa kumfurahisha mteja, na kwa sababu ya hilo Mama Pasi alimchukia kwa moyo wake wote.

Lakini mwaka huu kulikuwa na jambo kubwa kuliko chuki. Ilikuwepo sheria ya mfunguo wa hamsini. Mtu akishaifungua siku yake mara hamsini, anakabidhi nyumba kwa kijana aliyeko kwenye orodha ya wanaosubiri, naye anahamia Nyumba za Nje, kule nyuma ya mtaa wa mwisho, ambako milango haina ubao na kengele haifiki. Gundi alikuwa amefungua mara arobaini na tisa. Akifungua ya hamsini, kesho yake wanakuja kumtoa. Akiiacha ilale, anaadhibiwa kufagia soko mwezi mmoja, basi, na nyumba anabaki nayo mwaka mwingine. Mtaa mzima ulikuwa umepiga hesabu hiyo, na watu walianza kumwangalia Mama Pasi kwa huruma tangu mwezi haujaingia.

Yeye alijipa moyo. Jana jioni, baada ya siku yake mwenyewe kwisha, alimpelekea kengele. Gundi aliipokea, akaketi, akavuta uzi wake wa kushonea, ule wa nta, akaanza kuuzungusha kwenye ulimi wa kengele. Mzunguko wa kwanza, wa pili, wa kumi.

"Unafanya nini?" Lilikuwa neno lake la kwanza kwa mzee huyo kwa miaka mitatu.

"Naifunga mdomo," alisema Gundi, akaingia ndani, akabamiza mlango.

Mama Pasi alikimbia kwa Karani wa Siku, yule anayeandika kila asubuhi kwenye daftari kwamba siku imefunguka au imelala. Unajua karani alimwambia nini? Alimwambia, "Mama, siku nayo ina haki yake ya kulala. Mimi naandika tu." Mtu mzima huyo, shati lake analifua Mama Pasi!

Ndipo akaenda kuketi kibarazani kwa Gundi. Hakuwa na mpango wa maana. Alitaka tu mzee asitoroke na kengele, na alfajiri amkute pale pale, macho kwa macho. Mvua ilinyesha kuanzia usiku ulipoingia mpaka karibu na mapambazuko. Aliapa hatafumba jicho, na kwa alivyojua mwenyewe, hakufumba.

Kulipoanza kupambazuka alikuta aproni ya ngozi magotini, nzito, inanuka gundi. Juu ya kibaraza palikuwa na msumari wa kuitundikia. Akaona imemwangukia, akaisukumia mbali kwa mguu, akasimama, akaugonga mlango kwa ngumi zote mbili.

"Fungua! Fungua, mzee, kunakucha!"

Hakudhani utafunguka. Ulifunguka. Gundi alikuwa amevaa shati lake la heshima, amelala nalo au hakulala kabisa, na kengele ilikuwa imefungwa uzi kama kidole kilichojeruhiwa. Alirudi akaketi kwenye kigoda chake katikati ya chumba, kengele mapajani. Ndani palikuwa na kitanda kimoja, meza moja, na ukutani kalibu za mti za miguu ya wateja. Moja ilikuwa ndogo, imesuguliwa mpaka inang'aa, imetundikwa peke yake. Ilikuwa ya mguu wa marehemu mke wake.

"Sifungui," alisema. "Usijichoshe."

"Mwanangu anatoka leo."

"Najua."

"Unajua! Ulimtia ndani wewe, leo unamfungia na mlango!"

"Sikumtia ndani. Nilisema nilichokiona."

"Basi tazama na hiki!" Akaitoa barua kifuani, akamsogezea usoni. Gundi aliisoma. Midomo ilimcheza, lakini mikono haikuiachia kengele.

Nje watu walishaanza kujaa. Karani wa Siku alifika, daftari kwapani, akasimama barabarani akitazama nyumba ya mbele. Jua lilikuwa limeshika paa la nyumba ile, linateremka ukutani. Mawingu yalikuwa yamekwisha, hapakuwa na cha kubishania. Ukuta ule ulikuwa na madirisha mawili, la juu na la chini, na mwanga ulikuwa umefika kwenye la juu.

"Mzee Gundi," karani aliita, "nakukumbusha."

"Nimekumbuka."

Mama Pasi alipiga magoti. Hakuwahi kumpigia mtu magoti isipokuwa beseni. "Nakuomba. Matusi yote niliyokutukana nayarudisha. Maji yangu nitayamwaga upande wa pili. Nakuomba, mzee wangu."

Gundi aliangalia kengele. Aliposema, sauti yake ilikuwa imepasuka. "Unapajua Nyumba za Nje? Mimi nimepeleka viatu huko. Hakuna anayejua leo ni siku gani. Mtu akifa kule unajua wanaandika nini? Wanaandika, 'Alikufa baada ya mvua.' Mke wangu alikufa humu ndani, Siku ya Kinu, kila mwaka nyumba ya Kinu wakifungua najua ni leo. Huko nitajuaje? Nitamkumbuka lini?" Akafuta uso kwa kiganja. "Binti yako bado kijana. Atapata mwaka mwingine. Mimi sina."

"Hana mwaka mwingine! Umesoma, umeona kwa macho yako, hana!"

Na wote wawili walikuwa wamesema kweli. Mama Pasi alimchukia, na wakati huohuo alimwonea huruma, na huruma hiyo ilimkasirisha kuliko chuki. Akamrukia. Akaishika kengele, wakavutana, dobi na fundi viatu, mikono ya kazi kwa mikono ya kazi, na hakuna aliyeshinda.

"Ukiipiga wewe si siku," Gundi alihema, "ni kelele tu. Hukulala humu ndani."

Mwanga ulikuwa umeliacha dirisha la juu. Ulikuwa katikati ya ukuta.

Neno hilo lilimwingia Mama Pasi kichwani, likakaa. Aliiachia kengele taratibu, akageuka, akasema kwa sauti ya kusikika barabarani: "Nimelala."

"Umesemaje?" karani aliuliza.

"Nimelala nyumba hii. Kibarazani, chini ya paa. Naifungua mimi."

Uongo mtupu, kwa alivyojua yeye. Karani alikwenda mpaka kibarazani, akainama, akapapasa sakafu, kisha akashika pindo la gauni la Mama Pasi. Mvua imenyesha usiku kucha. Pindo lilikuwa kavu. Karani akakuna shingo.

"Paa linafika," alikiri. "Ila sikiliza, mama, usije ukasema sikukuambia. Anayeifungua nyumba ni mtu wa nyumba hiyo. Ukiipiga hiyo kengele, wewe si wa Siku ya Pasi tena, ni wa Siku ya Ufagio, na usiku hulali kwingine. Mlango wako nautia chokaa sasa hivi, kama nyumba isiyo na mtu. Kama leo, kabla ya giza, hakuna mtu wa damu yako aliyeingia kulala mle, ubao wa Siku ya Pasi unashuka na nyumba inakwenda kwa wanaosubiri."

Miaka kumi na tisa. Ubao ule mume wake aliuchora mwenyewe, mkono wa pasi ukapinda kidogo, wakaucheka pamoja. Na binti alikuwa mwendo wa kutwa nzima, na hakuna aliyejua miguu yake iko katika hali gani.

"Tia chokaa," alisema Mama Pasi.

"Na hesabu ya mzee?" mtu mmoja aliuliza kutoka barabarani.

"Akifungua mwingine wa nyumba, ya mzee inabaki arobaini na tisa," alisema karani. "Sheria ndivyo ilivyo, mimi naandika tu. Sasa nani anashuhudia kwamba huyu mama alilala? Kukaa si kulala. Mtu aliyekesha hafungui siku."

Majirani walitazamana, usiku kila mmoja alikuwa kwake, amejifunika shuka. Mwanga ulikuwa umefika dirisha la chini. Shahidi wa pekee alikuwa yule aliyekaa kwenye kigoda, na mtu huyo hakuwahi kusema uongo maisha yake yote, hata ilipokuwa heri aseme.

"Alilala," alisema Mzee Gundi.

Karani alimgeukia. "Mzee, wewe una faida hapa. Akifungua yeye, unabaki na nyumba yako."

Gundi alisimama. Akaja mpaka mlangoni, akatoka kwenye mwanga wa asubuhi, macho mekundu.

"Mimi nilikuwa na faida gani nilipomwona yule binti akirusha pasi?" aliuliza. "Viatu vyake vya kwanza nilimshonea mimi. Alijifunza kutembea kwenye sakafu hii. Mliniuliza nimeona nini, nikasema, na sijapata usingizi wa maana tangu siku hiyo. Siku ile macho yangu mliyaamini. Leo yamepofuka?" Akamwonyesha karani ile aproni pale iliposukumwa. "Huyu mama alianza kukoroma mvua ilipoanza. Nikatoka nimfukuze. Nikamkuta kalala mdomo wazi, anatetemeka. Nikamfunika aproni yangu, nikarudi ndani. Andika."

Mama Pasi alimtazama, akaitazama aproni. Kumbe msumari haukuangusha kitu. Kumbe alilala, fofofo, mbele ya adui yake, na yeye mwenyewe alikuwa hajui.

"Jua!" mtu alipiga kelele. "Jua, jamani!"

Lilikuwa kwenye kizingiti cha nyumba ya mbele. Mama Pasi aliinyakua kengele, akaitikisa. Ikatoa sauti ya kitambaa. Uzi! Aliuvuta kwa kucha, ukamkata. Akauuma kwa meno, lakini uzi wa nta wa fundi viatu hutengenezwa ili ushinde miguu ya mtu miaka kumi, utaukata kwa meno? Alikuwa akilia kwa hasira, uzi mdomoni, na mwanga ulikuwa umebakiza upana wa kiganja kufika kwenye mawe.

"Shemeji," Gundi alisema karibu yake. "Ishike vizuri. Usitikisike."

Alikuwa na kisu chake cha ngozi. Akakipitisha mara moja tu, karibu na vidole vya Mama Pasi, na mizunguko yote kumi ikaanguka.

Aliipiga. Aliipiga kwa mikono yote miwili, mara tatu, mara kumi, zaidi ya inavyotakiwa, na akalitaja jina ambalo hakuwahi kulitaja: "Siku ya Ufagio imefunguka! Imefunguka! Imefunguka!" Karani aliangalia mawe, akaangalia daftari, akaandika. Baada ya muda mfupi baragumu la soko lilijibu, na mbali zaidi, kwenye kilima, baragumu la pili, linalosikika mpaka kwenye chumvi.

Sasa mtu atasema, basi yameisha. Yameisha wapi? Chokaa ilikuwa mlangoni mwake, mstari mweupe kutoka bawaba mpaka bawaba, na jua lilikuwa na safari yake ya kawaida, halimngoji mtu. Mama Pasi alitoa beseni nje, akafua. Alifua yaliyokuwa machafu, kisha akafua yaliyokuwa safi. Saa sita alikuwa anatazama mwisho wa mtaa kila akikamua. Saa tisa aliacha kukamua. Watu waliopita walimsalimia kwa sauti ya chini kama wanaopita kwenye msiba, na yeye akawaona wanapima kwa macho urefu wa kivuli. Vijana wawili wa kwenye orodha ya wanaosubiri, mke na mume, walikuja wakasimama mbali kidogo wakiitazama nyumba yake. Hawakuwa na ubaya, walikuwa wanatafuta pa kuishi tu. Lakini aliwatupia jicho wakaondoka.

Gundi alikuwa kwenye kiti chake, anashona. Alasiri ilipokuwa inakwisha aliinuka, akachukua koleo, akainama mferejini, akaanza kung'oa misumari ya ule ubao wa ugomvi. Misumari ilikuwa imekula kutu, ikalia mmoja mmoja. Maji ya sabuni yaliyosimama miaka mitatu yakapita mbele ya mlango wake kwenda zao.

Karani alirudi, kofia mkononi, akasimama chini ya ubao wa Siku ya Pasi. Alikuwa ameleta ngazi. Mama Pasi hakuweza hata kuitazama ngazi hiyo.

"Bado," alisema. "Bado naona vidole vyangu. Hilo si giza."

"Bado," karani alikubali. "Nangoja."

Binti alitokea mwisho wa mtaa akitembea katikati ya barabara, polepole, kama mtu asiyeamini mawe. Alikuwa amenyolewa. Amekonda mpaka gauni linamtembelea lenyewe. Mikono yake ilikuwa na mipasuko myeupe ya chumvi, na miguuni alikuwa na matambara. Hakumwona mama yake. Alikuwa anauangalia mlango wa nyumbani, na alipoiona chokaa, na karani, na ngazi, alisimama, akaziba mdomo kwa mikono yote miwili.

"Mwanangu! Huku! Niko huku!"

Mama Pasi aliruka mfereji. Alimkumbatia, na akahisi mifupa, na sasa alilia bila kujali nani anatazama. Walikaa hivyo mpaka karani akakohoa.

"Nilidhani umekufa," binti alisema. "Chokaa. Nikasema, nimechelewa, amekufa."

"Niko mzima. Mimi ni wa Siku ya Ufagio sasa."

Binti alimtazama mama yake, akamtazama fundi viatu na koleo lake. "Umeolewa?"

"Afadhali nife," alisema Gundi.

Ndipo Mama Pasi akacheka, na katikati ya kicheko akamweleza, haraka haraka maana kivuli kilikuwa kimefika madirishani: kengele, uzi, aproni, ngazi. Akamtia ufunguo kwenye kiganja, akamfunga vidole juu yake, kwa kuwa vyenyewe havikufunga vizuri. "Ingia. Kitanda nimekitandika. Lala mle, na mwakani Siku ya Pasi unaifungua wewe."

Binti hakuingia. Alisimama kwenye kizingiti, mkono juu ya chokaa. "Peke yangu?" alisema. "Kule tulikuwa tunalala arobaini. Mama, usiku huu wa kwanza tu. Usiku mmoja."

Mtu atamjibu nini mtoto wake hapo? Mama Pasi alimtazama karani. Karani alikuwa anatazama kofia yake. Akamtazama Gundi, na Gundi alitikisa kichwa polepole, kwa sababu angeulizwa kesho, na angesema alichokiona.

"Siwezi," alisema Mama Pasi. "Nikilala kwako, yote ya leo yanafutika. Lakini ukuta ni mmoja. Mimi nitalala kando ya ukuta, na wewe sogeza kitanda chako. Kila utakapogonga, nitagonga."

Binti aliingia. Mlango ulifungwa, komeo likaanguka kwa ndani, na karani akafungua daftari, akaandika, akabeba ngazi yake akaenda. Mama Pasi alibaki barabarani mbele ya nyumba yake, mgeni.

"Ingia basi," Gundi aliita kutoka mlangoni. Tayari alikuwa amekivuta kitanda chake, kile kimoja, mpaka ukutani upande wa dobi, na mkeka wake ameutandika karibu na meza. "Ila tafadhali, usikorome."

"Nitakoroma, shemeji," alisema, akaingia. Alikuwa hajavua viatu aliposikia ukuta unagongwa.